Kipa wa Mpira Mmoja

Ofisi ya Kufulia, Hospitali
6 Septemba

Kwa mwanangu Miguu,

Pokea salamu zangu kabla sijapandisha hasira. Leo nina jambo moyoni, na najijua, nikianza nalo nitasahau kukuuliza hali. Hujambo? Nyonga yako inaendeleaje? Katika barua ya mwezi wa sita ulisema inalalamika kidogo, katika ile ya mwezi wa saba hukuitaja kabisa. Mimi barua zako nazisoma mara mbili mbili, kwa hiyo usidhani unanipita hivi hivi.

Sisi huku wazima. Mzee wangu ameacha ulinzi wa ghala, siku hizi analinda kochi. Hivi ninavyoandika amelala hapo tangu mchana na redio inamwimbia. Sweta uliyomtumia imemkaa vizuri isipokuwa tumboni, na anaapa kwamba imepungua kwa kufuliwa. Anamwambia hivyo mtu aliyefua nguo za hospitali nzima tangu ujana wake. Nimemwacha aamini anachotaka.

Sasa jambo lenyewe. Fundi boila wetu, yule mwenye masikio makubwa unayemkumbuka, ameunganisha kompyuta yake na televisheni ya chumba chetu cha kupumzikia, akasema anaweza kutuletea mechi yako ya mpira wa mikono moja kwa moja kutoka huko. Miaka yote nakusoma kwenye karatasi tu, sijawahi kukuona ukicheza. Nikaita watu. Wafuaji wakaja, wapiga pasi wakaja, hadi mpishi mkuu akaacha masufuria yake. Nikawaambia kwamba leo watamwona mwanangu akiwa kazini, kisha nikajikalisha mbele kabisa kama mama wa bibi harusi.

Mwanangu, nini kile? Tulikuona umekaa benchi umejifunika blanketi kama mgonjwa wa homa, na langoni amesimama mwingine. Mpishi akaniuliza kama nina hakika nimekuonyesha mtu sahihi. Baadaye filimbi ikalia, ukavua blanketi ukaingia mbio, yule wa langoni akatoka, watu wangu wakapiga makofi. Ukatupiwa mpira mmoja, ukaingia wavuni. Ukatoka. Nikasema sawa, amekosea. Kipindi cha pili, filimbi tena, ukaingia tena. Dada mmoja mrefu wa timu ya pili akavurumisha, na wewe ukatupa ule mguu wako uliokupa jina ukauzuia. Chumba kizima kilisimama. Mimi nilijikuta nimemkumbatia fundi boila. Tulipogeuka kukutazama, umeshatolewa. Umezuia, na bado wakakutoa.

Mpishi alisema labda kuna mtu umemkosea. Nikamjibu kwamba mchezo ndivyo unavyokwenda, ingawa sijui unavyokwenda. Nilipofika nyumbani nililia kidogo, si sana. Miaka kumi na moja nawaambia watu mwanangu ni kipa huko, anaishi kwa mpira wa mikono, kumbe wanakuinua na kukukalisha kama mtoto msumbufu darasani. Nieleze ukweli. Umemkosea nini huyo kocha?

Mimi shangazi yako, ninayekuwaza.

Nyongeza: Kocha wako nimemwandikia barua. Usiwe na wasiwasi, nimeandika kwa adabu. Daktari kijana wa wodi ya watoto, aliyesomea huko mliko, ameigeuza katika lugha yao. Nimeipiga na muhuri.


2 Oktoba

Shangazi, shikamoo,

Barua yako niliipokea jana nikaanza kuisoma pale pale mlangoni. Nilipofika kwenye nyongeza ilibidi nikae kwenye ngazi. Mama mwenye nyumba akanikuta hapo, akadhani nimepata msiba, akaniletea chai. Nimeinywa yote na bado moyo haujatulia.

Kwanza salamu. Mimi ni mzima. Chumba changu ni kile kile juu ya duka la fundi viatu, na asubuhi bado naamshwa na nyundo yake. Baridi imeanza kubisha hodi. Mpe mzee salamu zangu na umwambie sweta za huku ndivyo zilivyo, zinapungua zenyewe bila kuguswa na maji. Naomba na fundi boila apewe shukrani kwa kukubali kukumbatiwa.

Sasa sikiliza, shangazi. Sijamkosea mtu. Timu ina makipa wawili. Mwenzangu ndiye kipa wa mechi, anadaka kuanzia mwanzo hadi mwisho, na anaiweza. Lakini mchezaji akifanyiwa rafu akiwa anakaribia kufunga, mwamuzi anatoa penalti. Mrushaji anasimama mita saba kutoka langoni, hapana beki wala mtu wa kukusaidia, ni yeye na kipa. Hapo mwenzangu anatoka na mimi naingia. Nikizuia nisizuie, ikishatupwa narudi kukaa. Hiyo ndiyo kazi niliyoajiriwa. Timu nyingi zina mtu kama mimi. Blanketi ni la kunitunzia joto, maana nikiingia nimepoa nachanika misuli.

Sikukueleza zamani kwa sababu ulikuwa umeshawatangazia watu kwamba mimi ni kipa, na niliona haya kukuandikia kwamba ni kipa wa mpira mmoja mmoja. Siku hizi sioni haya tena. Ni kazi ngumu na naipenda.

Unajua niliijifunza wapi? Kwako. Nikitoka shule ulikuwa unanisimamisha hapo kufulia, kando ya toroli la nguo, wewe uko kwenye meza ya kuchambulia, unanirushia marobota ya mashuka nisiache hata moja lianguke kwenye sakafu yenye maji. Ulikuwa unatazama kushoto unapiga soga, robota linakuja kulia. Nikaacha kutazama macho yako, nikaanza kutazama bega. Bega halijui kudanganya. Mpaka leo mrushaji akisimama mbele yangu natazama hapo, naye anashangaa nimejuaje. Shangazi, kila mpira niliozuia huku una mkono wako. Miaka yote sijakushukuru kwa hilo, basi leo nakushukuru, na nimeandika kwa wino usifutike.

Lakini kuhusu kocha umenitia hofu. Mkataba wangu unaisha msimu huu ukiisha. Kuna binti wa miaka kumi na tisa amepandishwa kutoka timu ya vijana, tunamwita Panzi kwa jinsi anavyoruka, na nafasi ni moja, yangu au yake. Kocha ataamua kabla ya mwaka mpya. Ni mama mkavu, hacheki ovyo, na hapendi kabisa ndugu za wachezaji kuingilia. Mwaka juzi baba wa mwenzetu mmoja alimpigia simu kulalamika, na haikuchukua muda yule mwenzetu akahamia timu nyingine. Umri wangu unaujua. Nikiachwa hapa, sidhani kuna timu itakayoniokota.

Kwa hiyo nakuomba uniambie uliandika nini, neno kwa neno. Na ni muhuri gani huo? Wewe una muhuri wa nini?

Mwanao, Miguu


27 Oktoba

Mwanangu,

Marahaba. Nimezipokea shikamoo zako zote, na hii barua naiandika nimenywea. Mzee hajambo, amepata kazi mpya ya kuniuliza kila asubuhi kama umejibu. Boila ilikufa juma lililopita, tukafua kwa maji baridi mpaka vidole vikafa ganzi, sasa imefufuka. Kwa hayo ni salama.

Ile habari ya marobota ilinimaliza. Nataka ujue sikuwa nakufundisha kitu, nilikuwa napiga soga. Usinipe sifa ambayo sikuitolea jasho. Hata hivyo niliwasomea wenzangu ile sehemu kwa sauti, na mpishi alipochelewa kufika nikairudia yote tangu mwanzo.

Uliyoyaomba ni haya. Nakala ninayo, kwa hiyo hakuna nililopunguza.

"Kocha, nakusalimu. Mimi ni shangazi wa kipa wako anayejifunika blanketi. Nimemlea tangu mama yake alipofariki. Sikuombi umchezeshe zaidi, kazi ni yako na unaijua. Nakuomba jambo moja. Akizuia mpira, usimtoe papo hapo. Mwache asimame kidogo aone alichofanya. Mimi nasimamia ufuaji wa mashuka ya hospitali. Niliposhika kazi hii nilikuta watu wangu wanachoka upesi, kwa sababu walikuwa wanafua chini huku hawamwoni anayeyalalia. Nikaweka utaratibu kwamba kila mfuaji, angalau mara moja kwa wiki, anapanda wodini na mashuka aliyoyafua, anayatandika mwenyewe, na mgonjwa akipanda kitandani yeye yupo. Muuguzi mkuu aligoma, akasema tutawajazia watu wodini. Leo hii tukichelewa anatupigia simu. Mwanangu namjua, hataomba. Ndiyo maana naomba mimi. Nakushukuru kwa kumtunza miaka yote hii mbali na kwao. Miguu yake hupata baridi haraka, hakikisha anavaa soksi."

Basi. Hayo ya soksi daktari alitaka kuyaruka nikamkatalia. Muhuri ni wa ofisini kwangu, sina mwingine. Unasema SAFI, IMEKAGULIWA. Niliona barua isiyo na muhuri haitasomwa.

Kama nimekumwagia unga, mwanangu, nisamehe. Nilikuona umeonewa na mkono ukatangulia akili. Kama huyo mama atakuita, mwambie shangazi yako ni mtu wa zamani asiyejua mchezo, nitupie mimi lawama zote, nina mabega mapana. Tangu barua yako ifike usingizi wangu ni wa mang'amung'amu.

Na nimeona kwamba habari ya nyonga hujaijibu.

Shangazi yako aliyetia mkono pasipomhusu.


3 Desemba

Shangazi, shikamoo,

Hali yangu ni njema, na leo naandika nikicheka peke yangu. Theluji imeanguka, fundi viatu ana foleni mpaka nje kwa sababu mji mzima unataka soli mpya kwa siku moja. Mama mwenye nyumba anakusalimu. Nilimsimulia kisa chako, sasa anataka picha yako.

Kocha aliniita. Ofisi yake ni kichumba nyuma ya ukumbi, kimejaa harufu ya ile gundi tunayopaka mikononi ili mpira usiteleze. Barua yako ilikuwa mezani, imefunguliwa, na muhuri unaonekana tangu mlangoni. Nilikuwa nimepanga kukutupia lawama kama ulivyoniruhusu, lakini nilipoiona karatasi yako nikashindwa.

Akaniuliza shangazi yangu ni mkaguzi wa nini. Nikasema wa mashuka. Akaitikia kwa kichwa taratibu kama mtu aliyepewa taarifa muhimu, akaisoma tena barua mbele yangu, na mimi nimesimama tu.

"Miaka yote hii unaingia na kutoka," akasema, "hujawahi kuniambia unataka kubaki."

"Hujawahi kuniuliza," nikasema. Sijui ujasiri huo niliutoa wapi. Nadhani ulikuja ndani ya bahasha.

Akaikunja barua. Kisha akaniambia niende mazoezini nimeshachelewa. Nikatoka nikiwa nimejizika mwenyewe.

Jumamosi ile tulikuwa na mechi. Penalti ikatokea, nikaingia. Mrushaji alikuwa yule ambaye kila mara hunifunga kwa kuudundisha mpira mbele yangu. Bega lake lilishuka mapema, nikabaki chini, mpira ukanigonga pajani. Nikafanya kama kawaida, nikageuka kukimbilia benchi. Mwenzangu alikuwa ameshanyanyuka kuja. Kocha akamshika mkono akamkalisha, akaninyooshea kiganja kuniambia nibaki.

Nikarudi langoni, shangazi. Sikujua nifanye nini na mikono yangu. Niliwaona watu waliokaa nyuma ya lango la pili, kuna babu mmoja mwenye kofia nyekundu na bibi aliyekuwa anafuma. Wamekuwa wakija mechi zote hizo, na mimi sikuwahi kuwaona kwa sababu nilikuwa naingia natazama bega moja na kutoka natazama sakafu. Kisha mchezo ukaendelea na nikafungwa mabao mawili ya haraka, moja likapita katikati ya miguu hii hii ya kujivunia. Wenzangu walivunjika mbavu. Nilikaa langoni mpaka mapumziko, na nilipotoka nilikuwa nimelowa jasho la furaha.

Kocha alinipa blanketi, akaniuliza kama nimevaa soksi. Sura yake haikucheka hata kidogo.

Tangu siku hiyo nikizuia ananiacha kwa muda. Mara nyingine ni kitambo kidogo tu, mara nyingine hadi kipindi kiishe. Wewe uliye mbali na usiyejua sheria za mchezo umenipa kitu ambacho nisingekiomba mpaka nazeeka. Asante, shangazi. Nalala na neno hilo na kuamka nalo.

Mwanao, Miguu


9 Januari

Mwanangu Miguu,

Heri ya mwaka mpya kutoka kwetu sote. Mzee ana mafua na analalamika kwa zamu, asubuhi kichwa, jioni mgongo. Fundi boila amepata mchumba, hatujaona tena mechi yako kwa sababu ana shughuli zake, lakini ameahidi zile kubwa hatatunyima. Barua yako imepita kila mkono hapa, habari ya soksi wameishika kwa kichwa.

Nilicheka mpaka machozi, nikaikunja nikaiweka. Kisha nikaikunjua tena. Mwaka mpya umeingia, mwanangu. Ulisema kocha ataamua kabla ya mwaka mpya. Barua yako ina theluji, ina babu wa kofia nyekundu, ina hadi soli za viatu, mkataba haumo. Na nyonga haimo, kwa mara ya tatu sasa.

Sikuandamani. Lakini kama barua yangu ndiyo iliyokuondoa na wewe unanificha ili nisiumie, usinitunze hivyo. Mimi ni mtu mzima. Niambie wazi nijue nimefanya nini.

Shangazi yako anayesubiri.


16 Februari

Shangazi, shikamoo,

Natumaini mafua ya mzee yamekwisha na malalamiko yamebaki ya kawaida. Mpe fundi boila pongezi. Mimi nipo, nakula, nalala.

Wacha nipasue jipu. Mkataba sikupewa. Nafasi ni ya Panzi.

Barua yako haikuhusika hata chembe. Mwezi wa nane, kabla ya msimu kuanza, daktari wa timu alinipiga picha ya nyonga. Mfupa unasagana na mfupa. Ni kazi yetu ilivyo, makipa tunapasua miguu huku na huku mamia ya mara kwa wiki, na ya kwangu imechoka. Nilijua picha ni mbaya, sikujua kwamba kocha ameiona. Desemba alinikalisha akaniambia aliiona siku ile ile, na alikuwa ameshaamua kabla wewe hujanunua bahasha. Alinyamaza kwa sababu hakutaka nicheze msimu wangu wa mwisho kama mtu anayehudhuria matanga yake mwenyewe. Na nyonga sikukuandikia kwa sababu kila nilipotaka kuiandika, ilikuwa kama naitia sahihi.

Hiyo ndiyo iliyonizuia kuja nyumbani likizo hizi za miaka minne. Kila msimu ukiisha nilikuwa nabaki kwa matibabu ili niweze kuanza mwingine. Nawe hujawahi kuniuliza nitarudi lini. Nakushukuru kwa hilo, ingawa kuna siku nimejiuliza kwa nini huulizi.

Usinionee huruma. Kwa miaka kumi na moja nimelipwa kufanya kitu ninachokipenda, na mwaka huu kwa mara ya kwanza naishi ndani yake. Wangapi wanapata hivyo? Panzi anakaa karibu yangu benchi, namnong'oneza bega la nani linashuka mapema na la nani linachelewa. Anashika haraka kuliko mimi nilivyoshika. Nilidhani nitamchukia, nimeshindwa.

Ila ya baadaye ndiyo yananipa tabu. Mei nitakuwa na begi, nyonga mbovu, na cheti cha kitu chochote sina. Nikirudi huko watu wataniuliza miaka yote nilikuwa nafanya nini, na jibu la kweli ni kwamba nilikuwa nimekaa, nangoja mpira mmoja. Wewe utanitetea, najua, na kila utakaponitetea nitaona aibu. Fundi viatu ameniambia anaweza kunipa kazi ya kupokea wateja dukani. Nafikiri nitabaki huku.

Mechi ya mwisho katika ukumbi wetu ni tarehe 24 Mei. Kama fundi boila ataweza, aunganishe.

Mwanao, Miguu


25 Mei

Mwanangu Miguu,

Barua yako ya Februari sikuijibu. Nilianza kuijibu nikachana, nikaanza tena nikachana, mpaka mzee akaniuliza kama siku hizi tunatengeneza vipande vya kuwashia moto. Najua umesubiri. Nilikuwa natafuta maneno, na jana yamekuja.

Tulikuwa wengi, watu wamekaa hadi juu ya mashine ya kufulia iliyoharibika. Muuguzi mkuu alishuka mwenyewe. Mzee alikuja na sweta yake, joto lote lile, na hakusinzia hata mara moja, hilo liandike kwenye historia. Penalti ya kwanza ulifungwa ukatoka, na hakuna aliyelalamika. Dada mmoja mgeni wa jikoni aliuliza kwa nini umetolewa, mpishi akamgeukia akamweleza habari zote za mita saba kama vile yeye ndiye aliyeanzisha mchezo.

Ya pili ilikuja karibu na mwisho. Nilimtazama yule mrushaji begani kama unavyosema, sikuona kitu, mimi niliona bega tu. Wewe uliona. Mpira ulikugonga kisiginoni ukaruka juu ya lango. Hapa palikuwa na kelele mpaka wagonjwa wa ghorofa ya kwanza wakatuma mtu kuuliza kuna nini. Kocha akainua kiganja, ukabaki. Ukafungwa moja baadaye, ukazuia moja, filimbi ikalia. Wenzako wakakukimbilia, ukumbi mzima ukasimama, na yule mama mkavu akatoka benchi akaja hadi langoni akakushika mkono akakuambia kitu. Usiniambie alisema nini. Hicho ni chako.

Namshukuru sana yule mama. Nimemwandikia. Safari hii nimetumia karatasi ya kawaida, bila muhuri.

Sasa nikujibu. Siku uliyoondoka, pale kituoni, uligeuka ukanitazama ukiwa na mguu mmoja kwenye ngazi ya basi. Nakujua tangu ukiwa mdogo. Nikaona kwamba nikisema neno moja, hutapanda. Nikafunga mdomo. Na kila nilipoandika barua nikaufunga tena, kwa sababu ningeuliza utarudi lini, wewe ungeacha kila kitu ukarudi, na mimi ningekuwa nimekunyang'anya kazi yako kwa mkono wangu. Sikuuliza kwa kuogopa kwamba utanitii. Usije ukadhani sikutaka. Nilitaka ulipoondoka, nilitaka mwaka wa pili, na hii miaka minne ya mwisho kila nikisikia hatua nje ya mlango nilikuwa nainua kichwa.

Unasema watu watakuuliza ulikuwa unafanya nini. Hapa hakuna wa kukuuliza. Wote walikuwepo chumbani jana. Kama kuna mmoja hakuwepo, mpishi atamweleza, hata mimi hatanipa nafasi. Na mimi sikutetei tena, mwanangu. Jana niligundua kwamba haihitajiki.

Kazi ya kwa fundi viatu ni kazi njema, kama unaitaka, baki, na nitakuandikia kama kawaida mpaka mkono ukatae. Lakini kama unabaki kwa aibu, basi aibu hiyo haina mtu wa kuipokea huku. Chumba chako ni kile kile. Cheti tutakitafuta wote wawili, kwa nyonga hospitali iko hapa hapa, na hata kama hutafanya chochote mwaka mzima, utakula.

Mpira umeisha wenyewe. Hakuna tena ninachokunyang'anya, kwa hiyo leo nasema neno nililolimeza miaka yote.

Rudi, mwanangu. Nimechoka kukuandikia.

Shangazi yako